Takashige Ichise: Produsa Mjapani Aliyetufanya Tuogope TV, Ngazi na Maji ya Mfereji

Kama wewe ni msee wa muvi, kuna madem wawili umewahi kuwaogopa. Wa kwanza ana nywele ndefu nyeusi zimefunika uso. Anatoka kwa kisima, anatembea kama mtu aliyevunjika kila mfupa, anafika kwa skrini halafu anatoka kwa TV kabisa na kuingia sebuleni. Huyo ni Sadako. Wa pili anashuka ngazi akitambaa, koo ikitoa sauti kama mlango wa mbao unaofunguka polepole usiku. Huyo ni Kayako, na kale katoto kake keupe kama chaki kanaitwa Toshio.

Sasa nenda base yoyote ya Kitale ama Bungoma uulize ni nani alituletea hao wawili. Wengine watakuambia Hollywood. Wale wanajua kiasi watataja madairekta, Hideo Nakata na Takashi Shimizu. Hawajakosea, lakini kuna jina moja liko kwa kazi ya wote wawili na hakuna mtu hulisoma, kwa sababu linapita kwa skrini wakati watu wanatafuta viatu waende. Jina ni Takashige Ichise. Kwa muvi za Marekani huandikwa Taka Ichise.

Yeye ni produsa. Tuelewane hapo mapema, kwa sababu huku kwetu produsa tunamjua ni yule wa studio ya mziki anayekutengenezea biti. Produsa wa muvi ni yule anayepata stori, anatafuta doo, anachagua nani ataidairekti, anakubaliana na wenye sinema, halafu pesa zikipotea ni yeye anapigiwa simu. Mwigizaji akikataa kuja kazini, hiyo pia ni shida yake.

Kabla ya Sadako

Ichise alizaliwa Kobe, Japani, mwaka wa 1961. Jina lake lilianza kusikika 1988, akiwa na miaka 27 hivi, wakati alikuwa produsa wa muvi kubwa inaitwa Teito Monogatari. Hiyo ilitoka kwa vitabu vya Hiroshi Aramata, kuhusu mchawi anayetaka kuharibu jiji la Tokyo. Dairekta alikuwa Akio Jissoji, mkongwe wa Ultraman. Mwaka uliofuata, 1989, ikatoka ya pili, Teito Taisen, na hii Ichise aliidairekti mwenyewe. Lakini jina lake halikujengwa kwa kiti cha dairekta. Lilijengwa pale nyuma, kwa kutafuta watu na kuwaunganisha.

Kwa miaka ya 90 akajaribu soko la Marekani, na hapa ndipo watu wengi hushtuka. Muvi ya American Yakuza ya 1993, yenye Viggo Mortensen, ni yake kama produsa. Huyo ndiye Aragorn wa The Lord of the Rings, kabla dunia imjue. No Way Back ya 1995, yenye Russell Crowe kabla ya Gladiator, ni yake pia. Mwaka huo huo wa 1995 kulikuwa na Crying Freeman ya Mark Dacascos, iliyotoka kwa katuni za Kijapani. Kama ulikuwa unaenda vidio zile siku za bei ya ashara, kuna uwezekano mkubwa ulimwona Dacascos akirusha mateke na hukujua produsa ni nani.

Hizo muvi hazikumfanya aomoke ile mbaya. Lakini alijifunza Wamarekani wanafanyaje kazi, wanataka karatasi gani na wanaogopa nini. Shika hiyo, tutairudia.

31 Januari 1998

Koji Suzuki aliandika riwaya ya Ring mwaka wa 1991. Stori ni rahisi mpaka inaudhi: kuna kaseti ya vidio, ukiiangalia unakufa baada ya siku saba. Hakuna jumba la kifalme wala msitu wa ajabu. Ni kaseti tu, kitu ambacho kila nyumba ya Japani ilikuwa nayo kando ya TV.

Ichise na wenzake wakafanya kitu cha kamari kidogo. Walitengeneza muvi mbili kwa wakati mmoja, Ring na mwendelezo wake Rasen, zikatoka siku moja, 31 Januari 1998, ukilipa tiketi unaona zote. Ring ilidairektiwa na Hideo Nakata, skripti ikaandikwa na Hiroshi Takahashi. Rasen ilikuwa na dairekta mwingine, Joji Iida. Ring ikashika kama moto wa nyasi kavu. Rasen ikasahaulika hivyo tu. Na walifanya nini? Walijifanya Rasen haijawahi kuwa. Januari 1999 wakatoa Ring 2, Nakata akiwa dairekta tena, stori ikaendelea kutoka pale Ring iliishia kana kwamba hakuna mtu alitoa kitu kingine hapo katikati. Januari 2000 ikaja Ring 0. Produsa mwenye roho ndogo angejaribu kuitetea Rasen. Hawa waliacha imezwe na ardhi.

Ile sini ya Sadako kutoka kwa TV ilifanywa bila kompyuta kubwa. Mwigizaji Rie Ino alitembea kinyumenyume, halafu filamu ikachezwa kutoka mwisho kuja mwanzo. Ndiyo maana mwendo wake unakaa wa binadamu na pia haukai. Yule jamaa anayeuawa hapo mbele ya TV ni Hiroyuki Sanada, Lord Toranaga wa Shogun ya 2024. Rudi uiangalie ukijua hivyo.

Na hao mizimu wenye nywele na nguo nyeupe hawakubuniwa 1998. Wajapani wanawaita onryo, yaani roho ya mtu aliyekufa na uchungu na sasa anadai chake. Mchezo wa kabuki wa Yotsuya Kaidan, wa mke aliyesalitiwa na bwana yake akarudi kumsumbua, ulionyeshwa mara ya kwanza 1825. Mbogi ya Ichise ilichukua huyo mwanamke wa zamani ikamtoa kwa kaburi la hadithi, ikamweka ndani ya TV ya kawaida. Hiyo ndiyo kazi yote, na ilitosha.

Kayako alifika Bungoma

Mimi nilikutana na Kayako karibu na Kanduyi, likizo ya Agosti, nikiwa darasa la nne. Binamu yangu alikuwa amenunua zile DVD za muvi nyingi ndani ya sahani moja, kumi na kitu, zote zimechorwa kwa kava ndogo mpaka huwezi kusoma jina. Tukaweka The Grudge. Kukhu alikuwa kwa kona anachambua maharagwe. Haelewi Kizungu cha muvi na hakuwa na haja nacho.

Katikati ya muvi akauliza, "Huyu mama aliuawa na nani?"

Binamu akasema, "Bwana yake, kukhu. Wivu."

"Na watu walimfanyia kitu baada ya hapo? Walimzika vizuri?"

"Hapana. Alifichwa kwa dari."

"Sasa mnashangaa nini?" Akarudi kwa maharagwe yake.

Nilikuja kusoma baadaye kwamba neno ju-on, ambalo ndilo jina la muvi ya Kijapani iliyozaa The Grudge, lina maana ya laana inayotokana na kinyongo cha aliyekufa. Mtu akifa na hasira kali, ile hasira inabaki pale alipokuwa akiishi, na atakayeingia hapo inamshika. Kukhu alikuwa ameelewa hiyo kitu bila manukuu. Huku kwetu neno msambwa halihitaji mtafsiri. Ni roho za wa kale, na ndilo lilibeba jina la Dini ya Msambwa ya Elijah Masinde wa Kimilili. Sisemi msambwa na onryo ni kitu kimoja, wazee watanichapa. Nasema mtu wa Bungoma haanzi kutoka sufuri akiona Kayako.

Stima ikapotea kabla muvi iishe. Mwisho wake niliuona miaka sita baadaye, Kitale, kwa simu.

Kijana wa video za bei rahisi

Takashi Shimizu, aliyezaliwa 1972, alikuwa mwanafunzi wa Kiyoshi Kurosawa kwa shule ya filamu Tokyo. Mwaka wa 1998 alitengeneza vipande viwili vifupi vya dakika chache kwa shoo ya TV ya stori za kutisha za shule. Kama umesoma bodingi unajua hizo stori: choo cha mwisho hakiingiwi, bweni fulani lina mwanafunzi aliyekufa zamani, usiku unasikia ndala zikipita na hakuna mtu. Japani wanazo pia, na wao waliziweka kwa TV. Ndani ya hivyo vipande viwili Kayako na Toshio walikuwa tayari wapo.

Mwaka wa 2000 Shimizu akatoa Ju-on kama muvi ya kwenda moja kwa moja kwa kaseti, bila kupitia sinema. Huko Japani kuna soko nzima la hizo muvi, bajeti ndogo, hakuna mtu anatarajia makubwa. Watu wakaanza kuambiana. Ichise, ambaye alikuwa na jina kubwa baada ya Ring, akamshika huyo kijana mkono. Ju-on ya sinema ikatengenezwa 2002 na kuingia sinema za Japani Januari 2003, na ya pili ikafuata mwaka huo huo. Ile sauti ya koo ya Kayako, by the way, Shimizu mwenyewe ndiye aliifanya, kwa mdomo wake.

Kati ya hapo Ichise alikuwa na Nakata kwa Dark Water ya 2002, pia kutoka kwa kazi ya Suzuki. Hii naipenda kuliko zote, na najua sitashinda huo mjadala. Mama ameachana na bwana, anapigania kukaa na mtoto wake, hana doo, anahamia keja mbovu kwa ghorofa ambayo dari inavuja. Maji yanazidi. Juu hakuna mtu anaishi. Karibu kila kitu kinachokutisha kwa hiyo muvi ni kitu ambacho mathee yeyote anayelea mtoto peke yake anakijua bila mzimu: korti, landilodi asiyejali, kuchelewa kumchukua mtoto shule. Mzimu unakuja juu ya hayo.

Mara ya pili hawakumwacha nje

Hapa sasa ndipo mimi naona akili ya Ichise.

Hollywood ilipoitaka Ring, mambo yalienda kwa njia ya kawaida. Huko Japani muvi nyingi humilikiwa na kundi la kampuni zilizochanga pesa, na Ring ilikuwa hivyo. Haki ya kuirudia ikauzwa. DreamWorks wakatoa The Ring 2002, dairekta Gore Verbinski. Stori ikahamishiwa Seattle, Sadako akageuzwa Samara, waigizaji wakawa wengine. Ilitumia takriban dola milioni 48 ikaingiza karibu milioni 249 dunia nzima. Muvi fiti, sikatai. Lakini wale waliomzaa Sadako walikuwa wanatazama kutoka nje.

The Grudge ilikuja miaka miwili tu baadaye, 2004, na ukiangalia majina utaona tofauti. Maprodusa ni Sam Raimi, Rob Tapert, na Taka Ichise. Dairekta ni Shimizu yuleyule, ingawa Hollywood ilikuwa na majina elfu ya kuweka hapo. Kayako ni Takako Fuji yuleyule. Toshio ni Yuya Ozeki yuleyule. Stori imebaki Tokyo; ni Wamarekani ndio wamesafirishwa, Sarah Michelle Gellar akiwa mbele. Hata askari anayefuatilia kesi ni Ryo Ishibashi, aliyekuwa kwa American Yakuza ya 1993. Ile miaka ya 90 ya kuhangaika Marekani haikuwa bure.

Bajeti ilikuwa kama dola milioni 10. Kwa bei ya wakati huo hiyo ni kama milioni 800 za Kenya, pesa mingi kwako na kwangu lakini Hollywood ni ya chai. Wikendi ya kwanza Oktoba 2004 ikaingiza dola milioni 39 Marekani peke yake na kukaa namba moja. Mwishowe ikafika karibu milioni 187 dunia nzima. Piga hesabu: karibu bilioni 15 za Kenya, kutoka kwa stori iliyoanza kama kipande cha dakika chache kwa TV.

Mbogi ya Kitale bila produsa

Niweke hii hapa kwa sababu ndiyo ilinifanya nianze kusoma kuhusu huyu jamaa. 2021, baada ya mimi kuachana na chuo, mimi na mabeshte tuliamua kutengeneza muvi ya kutisha ya dakika kumi. Tulikuwa na simu moja yenye kamera safi, na nyumba ambayo haijaisha kujengwa nje ya Kitale, upande wa Kiminini. Tulikuwa na madairekta watatu. Tulikuwa na dem wa kuwa mzimu na wigi ya dada ya mtu. Hatukuwa na mtu hata mmoja aliyeuliza nyumba ni ya nani.

Mwenye nyumba alikuja siku ya pili. Siku ya tatu chaji iliisha saa tisa na hakuna aliyebeba ya ziada. Siku ya nne mzimu alikuwa ameenda Eldoret kwa intavyuu ya kazi, na nani angemlaumu, hatukuwa tunamlipa. Ile memori kadi sijui iko wapi. Kila mmoja wetu alitaka kuwa Shimizu, na hakuna aliyetaka kuwa Ichise.

Si kwamba huku Afrika Mashariki haijawezekana. Tanzania walishafanya. Mussa Banzi alidairekti Nsyuka mwanzoni mwa miaka ya 2000, halafu Shumileta ya 2005, ya jini wa kike, na hizo zilizunguka kwa kaseti na VCD kabla Bongo Movie iwe jina kubwa. Hapa Kenya iliyokaribia ni Kati Kati ya Mbithi Masya, ya watu waliokufa wakakwama mahali katikati. Ilishinda tuzo ya wakosoaji kule Toronto 2016. Si ya kukushtua kitini, lakini usiku utaifikiria.

Kiwanda na uchovu

Baada ya The Grudge Ichise alikuwa mdosi. Alikuwa tayari ameanzisha mpango unaitwa J-Horror Theater: muvi sita, madairekta sita, kila mmoja jina. Mbili za kwanza zilitoka pamoja 2004, Kansen ya Masayuki Ochiai kuhusu hospitali iliyoishiwa na dawa na akili, na Yogen ya Norio Tsuruta kuhusu gazeti linalotangaza vifo kabla vitokee. Zikafuata Rinne ya Shimizu, Sakebi ya Kiyoshi Kurosawa mwaka wa 2006, na Kaidan ya Nakata 2007. Ya sita, Kyofu ya Hiroshi Takahashi, ilikuja kutoka 2010, na kufikia hapo hakuna aliyekuwa anasubiri kwa hamu. Ukiwa na muda wa moja tu, chukua Sakebi. Kurosawa hakutengeneza muvi ya kutisha tu. Alitengeneza muvi ya jiji linalosahau watu wake.

Shida ilikuwa soko lilijaa. Kila mtu alikuwa na dem wa nywele ndefu. The Grudge 2 ya 2006 ilitumia pesa mara mbili ya ile ya kwanza na kuingiza dola milioni 70 hivi. Ya tatu, 2009, haikufika sinema za Marekani, ilienda DVD moja kwa moja. Katikati hapo, 2008, Ichise alikuwa kwa maprodusa wa Shutter, muvi ya Kithai iliyorudiwa na Hollywood na kuwekwa Japani, na Ochiai ndiye aliidairekti. Ilirudisha pesa yake vizuri, lakini hakuna mtu huiweka kwa orodha ya bora. Huko nyumbani Ju-on ziliendelea: mbili 2009, moja 2014, nyingine 2015. Ukiniuliza, nyingi za mwisho ni za kuweka ukipika, si za kukaa chini.

Na 2020 ilikuwa mwaka wa ajabu kwake. Januari ikatoka The Grudge mpya ya Marekani, jina lake likiwa kwa maprodusa tena. Watazamaji waliohojiwa na CinemaScore wakitoka sinema waliipa F. Hiyo ni alama ambayo muvi chache sana hupata.

Halafu Julai 2020, Netflix wakaweka Ju-On: Origins, vipindi sita, dairekta Sho Miyake. Hii Ichise aliiandika yeye na Hiroshi Takahashi, yule yule wa skripti ya Ring ya 1998. Miaka 22 baadaye, wazee wawili wanarudi kwa nyumba ileile. Na hawakufanya mzaha. Stori inaanza miaka ya 80, inachanganya ile nyumba na habari za uhalifu za Japani ya wakati huo zikipita kwa TV pale nyuma, na ukatili mwingi hautoki kwa mzimu wowote. Unatoka kwa mabwana, wazazi na wanafunzi. Kayako unayemjua karibu haonekani. Wasee wengi walilalamika juu ya hiyo. Mimi naona ndiyo kazi yake ngumu zaidi kuangalia, na kuna kipindi kimoja, cha nne, nilikizima katikati nikaenda kusimama nje kwa dakika kumi.

Kama unataka kuanza, usianze na hiyo. Anza na Ring ya 1998, halafu Dark Water, halafu Ju-on ya Kijapani ya 2002 kabla ya ile ya Sarah Michelle Gellar. Tafuta zenye manukuu, kwa sababu zile zilizotafsiriwa sauti juu zinaua kimya, na kimya ndicho unalipia. Na mwishoni, majina yakianza kupanda, kaa chini kidogo kabla utafute viatu.